Mama Aliyemvizia Shemeji Yake

Kaeni vizuri, wapendwa, na ninyi mlio karibu na mlango msinitazame kama mnasubiri basi. Nina mfano mmoja tu asubuhi hii, wali wenu hautaungua.

Kulikuwa na mama mmoja, mwanawe wa pekee alikuwa chekechea. Mtoto mzuri, mashavu haya, lakini mkono mwepesi! Siku moja mwalimu akamwita yule mama shuleni, naye mama akamkuta mtoto wa watu amefungwa bandeji juu ya jicho.

"Mama, mwanao amempiga mwenzake kwa kikombe cha uji," mwalimu akasema. "Mwenzake alimkanyaga mguu, bahati mbaya tu, na pole alimpa. Wako hakusikia pole wala nini. Tunampenda, lakini akirudia itabidi abaki nyumbani."

Aibu ilimchoma mama yule mpaka masikioni. Njia nzima ya kurudi alikuwa na swali moja: nani anamfundisha mwanangu kupiga? Maana yeye alikuwa na hakika si yeye. Fimbo haikuwepo nyumbani kwake, na mumewe ni mtu ambaye hata kuku hamfukuzi. Sasa ukali huu umetoka wapi? Mnajua akili ya mtu aliyeaibika inavyofanya kazi? Inatafuta mgeni.

Na mgeni alikuwepo. Mdogo wa mumewe, kijana mkimya, alikuwa amekuja kukaa nao akitafuta kazi. Mama akaanza kumpima. Huyu shemeji mbona hacheki? Kimya chote hiki cha nini? Kikulacho ki nguoni mwako, akajiambia, na tangu hapo kila alichofanya yule kijana kikawa ushahidi. Akimbeba mtoto, anajikosha. Asipombeba, ana lake moyoni. Mtoto akimkimbilia, ametishwa, asipomkimbilia, anamwogopa. Haya niambieni, mtu atashinda vipi kesi ya namna hiyo?

Jioni akimwogesha mtoto, anamgeuzageuza kutafuta alama. Akaona mchubuko gotini.

"Baba mdogo anakupiga, eh?"

"Hapana, nilianguka."

"Usiogope. Mwambie mama."

"Nilianguka, mama."

Mama akatikisa kichwa. Loo, kumbe ameshamfundisha na uongo!

Jumamosi moja, mume akiwa safarini, mama akabeba kikapu, akasema kwa sauti ya kusikika, "Shemeji, mimi nakwenda sokoni, nitachelewa. Niangalizie mtoto." Sokoni wapi! Alifika kwenye kona, akazunguka, akajibanza nyuma ya jiko la nje, miguu kwenye majivu, sikio ukutani. Mtu mzima na kikapu chake, jamani! Akasikia maji kwenye beseni, shemeji anafua. Akasikia mtoto anakimbia. Mara puu! Kilio. Akasikia wawili wale wakinong'ona kidogo, halafu paa! paa! paa!

Hakungoja zaidi. Akachomoka, kikapu huku, kanga kule, akamkuta shemeji amemwinamia mtoto, akamzaba kofi la shavu ambalo majirani walilisikia.

"Nimekukamata leo! Mshenzi wewe, unataka kuniulia mwanangu!"

Kijana akashika shavu, mkono umejaa povu la sabuni. Ndipo mama akatazama chini. Mtoto alikuwa amepiga magoti mbele ya kigoda, ameshika mwiko, machozi hayajakauka. Kilichokuwa kikipigwa ni kigoda.

"Alijikwaa, shemeji," kijana akasema polepole. "Nilitaka kumpuliza goti. Akasema hapana, kwanza tukipige, ndivyo anavyofanya mama. Nikamuuliza, kimekosa nini? Kilikuwa kimekaa tu. Akaniona mjinga."

Msicheke. Nani humu ndani hajafanya hivyo? Mtoto akijigonga mezani, tunamnyamazishaje? "Nani kakuumiza? Meza? Meza mbaya! Haya tuichape!" Tunaichapa, mtoto anacheka, na sisi tunajiona mabingwa wa malezi. Yule mama alikuwa akifanya hivyo tangu mtoto anatambaa. Alichapa sakafu, alichapa mlango, alichapa kitanda. Alisimama pale uani mkono ukimwasha, akatamani ardhi immeze.

Lakini lililomuua kabisa lilitoka kwa mtoto. Alimtazama baba yake mdogo, akamtazama mama, wala hakushangaa hata kidogo. Akauliza kwa huruma, kama mtu anayetaka kusaidia:

"Mama, baba mdogo amekuumiza wapi?"

Wapendwa, tusijidanganye. Sisi ndio tumewafundisha watoto kwamba kila maumivu yana mkosaji, na mkosaji dawa yake ni kipigo. Leo ni meza. Kesho ni mwenzake aliyemkanyaga mguu. Akishakua na kuoa, amefokewa kazini mchana kutwa, anafika nyumbani anakuta chai imepoa, na mkewe ndiye anayegeuka meza. Halafu tunaita wazee kikao, tunaulizana hasira hii kaitoa wapi. Tunamshuku jirani, tunamshuku mgeni, tunashuku mpaka pepo! Pepo masikini, makosa mengine wala hayajui.

Mtoto akianguka, mwambie pole. Mwache alie, kulia si ugonjwa. Muulize panapouma, papulize, kisha mwoneshe alipojikwaa ili kesho ainue mguu. Inachukua muda zaidi kuliko kuchapa meza, najua. Naye akikasirika, usimfokee anyamaze. Mshike mkono, mpe jina la kile kinachomuuma, maana yeye bado hana maneno yake.

Na sisi wakubwa je? Yule shemeji hakuwa amemuumiza mama yule popote. Iliyomuuma ilikuwa aibu ya shuleni, na aibu haina shavu la kuzabwa, akatafuta la mtu. Wiki hii yupo unayemshuku. Umeshamkusanyia ushahidi, umeshajibanza nyuma ya ukuta wako, mkono uko juu. Kabla hujaushusha, jibu swali la yule mtoto.

Amekuumiza wapi?