Kidevu cha Jembe Kilichogoma Kuisha

Hapo zamani, katika nchi ya Mbwera, mbingu haikuwa na mwezi. Jua lilikuwapo na nyota tele, lakini mwezi hakuna. Basi wazee wa nchi hiyo, walipotaka kuhesabu nyakati, wakatafuta kitu kinachokua polepole na kinachojulikana na wote, wakaziona ndevu za Sultani. Ikawa Sultani akinyolewa, kipindi kimeanza. Ndevu zikifika urefu wa pingili moja ya kidole, kipindi kimekwisha, ngoma inalia, ananyolewa upya. Kipindi hicho wakakiita kidevu, na videvu vinane vikafanya mwaka. Wamepata kuwapo watu wajinga zaidi, ila sijui walikaa wapi.

Kidevu cha Jembe, watu wote walilima shamba la Sultani. Kilichofuata kilikuwa Kidevu cha Mbegu, ambapo kila mtu alipanda shamba lake, na kupanda kabla ya ngoma kulikuwa marufuku. Mambo yalikwenda vyema mpaka alipotawala Sultani Shebe, mtu mlafi kupindukia. Pingili ilipotimia, kinyozi akaja na wembe, Sultani akamfukuza. "Kidevu hakijaisha," akasema, "maana sijanyolewa." Watu wakaendelea kulima. Ndevu zikafika pingili mbili, kisha tatu, na mvua zikaanza.

Katika waliolima alikuwamo Chomboko, fundi wa kuezeka mapaa ya watu, ambaye paa lake mwenyewe lilivuja kila pembe. Mkewe, Mwatumu, alimwonyesha kibuyu cha mbegu, wadudu wameanza kuzitoboa.

"Mume wangu, mvua hii ikipita hatujapanda, mwaka huu tutakula nini?"

Swali hilo lilimuuma Chomboko, maana majibu ndiyo mali pekee aliyokuwa nayo. Kesho yake akaweka jembe chini, akasema mbele ya wasimamizi kwamba nchi nzima imefungwa kwa nywele za mtu mmoja. Saa hiyo hiyo akakamatwa, akapelekwa barazani.

Sultani Shebe akamtazama, akatabasamu. "Ewe Chomboko, nasikia wazitaka ndevu zangu. Vema. Nakupa siku tatu unifanye niitishe wembe kwa kinywa changu mwenyewe. Usinishike, usinitishe, wala usiniombe. Ukishindwa, utalima shamba langu mpaka siku nitakayozikwa mimi."

"Nimesikia na nimetii, bwana wangu," akasema Chomboko. "Ila nina swali. Tarehe ya nchi hii ni ya Sultani peke yake, au raia naye ana haki ya kuijua?"

Sultani akawageukia mawaziri wake kwa maringo. "Sheria ya babu zangu yasema raia yeyote mwenye haja atapimiwa tarehe, wala hatazuiwa mlangoni. Nani asiyelijua hilo?"

"Wengi walikuwa wamesahau," akasema Chomboko, akaenda zake kuwakumbusha.

Asubuhi, Sultani akiwa ndiyo kwanza anamega mkate, akaingia bibi mmoja na kijiti cha kupimia. "Mjukuu wangu mchanga atolewa nje leo au kesho? Samahani, bwana wangu, inua uso." Akapima, akasahau, akapima tena. Nyuma yake wakaja mtu na mchumba wake, wanabishana juu ya siku ya harusi. Akaja mganga, akaja mfua vyuma, akaja mzee kiziwi aliyetaka asomewe tarehe sikioni. Mlinzi akitaka kuwazuia, wanamkumbusha sheria ya babu.

Adhuhuri, Mwatumu mwenyewe akafika. Akazipekua ndevu taratibu, akatoa punje ya wali. "Jamani, hapa ni sikukuu," akawatangazia walio nyuma. "Na huku chini pana mchuzi, hii itakuwa wiki iliyopita." Baraza zima likaangua kicheko, na mawaziri wakajifanya wanakohoa.

Siku ya pili wakamfuata hamamuni. Siku ya tatu foleni ilikwenda mpaka sokoni, na Sultani hakuwa amemeza tonge kamili tangu juzi. Mzee kiziwi alipoingia mara ya nne, Sultani akasimama. "Leteni wembe," akasema. "Leteni upesi."

Ngoma ikalia. Majembe yakatupwa shambani, watu wakatimua mbio kwenda kuchukua mbegu. Sultani akalipapasa shavu lake tupu, aibu ikamjaa, kisha akacheka mpaka machozi yakamtoka.

"Chomboko, omba utakacho."

"Bwana wangu, nimechelewa kupanda, na mvua haina ndevu. Nipe watu wa kunisaidia."

Sultani akatazama kulia na kushoto, akakumbuka waliojifanya wanakohoa. "Wachukue mawaziri wangu wote saba, mpaka mwisho wa kidevu hiki."

Basi wakaenda, wakalima na kupanda, huku Mwatumu akiwasimamia na kuwaambia mistari yao imepinda. Na kila asubuhi, kabla ya kushika jembe, mawaziri saba walipita kwanza barazani, na kijiti mkononi, wakimsihi Sultani ainue uso kidogo.