Fisi, Mwalimu wa Jinjali

Sogeeni, mkeka unatosha. Ulikuwako mwaka ambao mvua ilisahau njia ya kuja kwetu. Mawingu yalipita juu kama wageni wenye haraka, hata salamu hayakutupa. Mto Kinyangwa ukabaki mchanga mtupu, mweupe, wa kuchoma nyayo. Nyasi zikaisha, matope yakaisha, hata vyura wakahama bila kuaga.

Maji yalibaki mahali pamoja tu: ndani ya kisima kilichochimbwa katikati ya mchanga wa mto. Kisima hicho hawakukichimba wanyama. Ilipita kambi ya wapima ardhi, mkubwa wao mzungu mwenye kipara chekundu, wakachimba, wakanywa, kisha wakafunga mahema yao wakaenda zao. Na kila vijana wake walipoteremka kuchota, yule mzungu alisimama ukingoni akipunga mikono na kuita, "Jinjali! Jinjali!" Wanyama walikuwa wakimsikia kutoka vichakani. Lilikuwa neno la Kiingereza, tena la nadra, maana hata wale vijana wenyewe walikuwa wakitazamana kwanza kabla ya kukanyaga.

Kambi ilipoondoka, Mfalme Simba akawakusanya wanyama wote pale mtoni.

"Kisima hiki sasa ni chetu sote," akanguruma. "Na sheria yake ni ileile ya waliokichimba. Wao walichota kwa jinjali, nasi tutakunywa kwa jinjali. Atakayekunywa bila jinjali atanijua mimi ni nani. Kuna asiyeelewa?"

Twiga akatazama mbali, kama aliyeitwa na jambo la maana huko juu. Ngiri akatikisa kichwa kukubali, kisha akatikisa tena, asije akaonekana amekubali kidogo. Simba mwenyewe akashusha pumzi taratibu, kwa kuwa hakujua neno lile lina mkia au lina pembe, na lau angetokea mmoja wa kuuliza, ufalme ungeingia doa.

Fisi aliyaona yote hayo, na tumbo lake likacheka kabla ya mdomo wake. Yeye alikuwa amelala nyuma ya jiko la kambi ile tangu siku ya kwanza, akiokota mifupa. Alimwona mpishi akibeba trei ya mayai, akalisikia neno. Aliwaona wakishusha sanduku la vioo, akalisikia tena. Maana yake aliijua vizuri sana. Lakini maana akiigawa bure, yeye atapata nini? Wote watakunywa, na kisima ni kimoja.

Akajitokeza mbele, akakohoa kisomi.

"Mfalme wangu, wenzangu wanaogopa kusema, lakini mimi nitasema. Neno hili ni zito. Si la kumezwa kama kunde. Lina maana ya juu na maana ya chini, lina matumizi ya asubuhi na ya jioni, na kila mnyama ana jinjali yake. Mimi nimekaa na wenyewe. Nimekula nao."

"Umekula nao?" akauliza Sungura, aliyekuwa amekaa mbali kidogo akijikuna sikio.

"Nimekula baada yao," akasema Fisi. "Ndiyo heshima ya kwao."

Simba akafurahi mno. Papo hapo akamfanya Fisi Mwalimu wa Jinjali, akampa amri ya kukaa kisimani na kumfunza kila anayekuja kunywa.

Basi, masomo yakaanza. Wa kwanza alikuwa Twiga.

"Wewe mrefu," Fisi akamwambia, "jinjali yako ni kunywa bila kuinamisha shingo."

"Sasa midomo itafikaje majini, Mwalimu?"

"Hapo ndipo ulipo ugumu wa Kiingereza. Nenda kafikiri."

Akaja Ngiri. "Wewe wa meno ya nje, jinjali yako ni kwenda kinyumenyume." Maskini Ngiri akarudi nyuma, akarudi nyuma, mpaka mkia ukachovya majini.

"Nimefika, Mwalimu, lakini naona nimefika na upande usiokunywa."

"Umeanza vizuri. Kesho tutaendelea."

Akaja Mama Swala na mtoto wake. Mtoto midomo imempasuka, miguu inacheza kama vijiti kwenye upepo.

"Jinjali ya mama mwenye mtoto," akasema Fisi, "ni kunywa umefumba mdomo."

"Baba, nikifumba mdomo ninywe na nini?"

"Na subira."

"Mimi subira ninayo, baba yangu. Huyu mwanangu hana. Tangu jana hajasimama bila kuegemea ubavu wangu. Mruhusu yeye alambe mara moja tu, mimi nitajifunza kwa niaba yake."

"Sheria ni sheria, mama. Ningekuruhusu, lakini Kiingereza hakiruhusu."

Na kila aliyeondoka na koo kavu, Fisi alitazama kushoto, akatazama kulia, akajinywea. Mara nyingine alikunywa mpaka maji yakamtoka puani. Jioni alimjazia Simba kibuyu, akampelekea pangoni. "Mfalme hafanyi jinjali," alimwambia. "Mfalme hufanyiwa." Simba akanywa, akajiramba, akaona elimu ni kitu kizuri.

Ajabu ya wanafunzi wale ni kwamba walizidi kukauka na walizidi kujivuna. Twiga alimwambia Ngiri, "Sisi tunaosoma jinjali ya juu hatuwezi kuzungumza na nyinyi wa jinjali ya nyuma." Ngiri akajibu, "Ya nyuma ndiyo ya asili, bwana. Hiyo yenu imeletwa." Wakanuniana, wote wawili ndimi zimewaganda kwenye kaakaa. Hakuna aliyediriki kusema, mimi sielewi. Mama Swala peke yake ndiye aliyelisema, tena kila siku, nao wakamwona mjinga.

Jioni moja, Fisi alipofika pangoni na kibuyu, alimkuta Sungura amekaa mbele ya Mfalme, masikio ameyalaza kwa adabu.

"Mfalme," Sungura alikuwa akisema, "huko chini wanamsifu mwalimu wetu. Lakini wanasema anayeijua jinjali kumpita mwalimu ni wewe mwenyewe."

Simba akatanua kifua. "Hawakukosea."

"Basi wanaomba siku moja tu Mwalimu anywe mbele ya kila mtu, nawe ukae pale umtazame. Akikosea, umsahihishe."

Simba akapiga hesabu zake. Akitazama, ataona. Akiona, atajua. Na hakuna atakayejua kuwa amejua siku hiyo. "Kesho asubuhi," akasema. "Wote wawepo."

Fisi hakutishika hata kidogo. Moyoni alijiambia, kesho nitawaonyesha ile yenyewe: nitakwenda kwa ncha za kucha, nitateremka kama paka anayepita kwenye majivu ya moto, nitagusa maji kwa ncha ya ulimi, nitarudi bila hata chembe ya mchanga kuporomoka. Watapiga vigelegele. Kisha nitawaambia imenichukua maisha yangu yote kujifunza, wakate tamaa moja kwa moja.

Alipotoka nje, Sungura akamfuata.

"Mwalimu, hongera ya kesho. Nimekuletea kitoweo kidogo, nimekiokota kule ilikokuwa kambi."

Kilikuwa kipande cha nyama iliyokaushwa kwa chumvi, ngumu kama ngozi ya ngoma, kikubwa cha kushibisha nyumba nzima. Mwenye akili angekula kidogo, akasikia chumvi, akaacha. Fisi hakuumbwa hivyo. Alikula kipande chote, akala na kamba iliyokifunga, akalamba na mchanga kilipoangukia.

"Kitamu?" akauliza Sungura.

"Kuna kingine?"

"Hicho kinatosha, Mwalimu. Kapumzike."

Asubuhi Fisi aliamka koo linawaka kama tanuri la mkaa. Ulimi ulikuwa umevimba, mate hakuna. Akataka kukimbilia kisimani, lakini lo! Simba alikwisha kaa ukingoni, na wanyama wote wamejipanga kwenye mchanga. Mama Swala alikuwa mbele, mtoto wake amelala chini, mbavu zinapanda na kushuka.

"Mwalimu," akasema Simba kwa sauti ya anayejua yote, "tuonyeshe, nami nitakuwa naangalia makosa yako."

Fisi akaanza vizuri. Akaweka mguu mmoja mbele kwa ncha za kucha. Akauweka wa pili. Twiga akanong'ona, "Oneni, oneni!" Kisha upepo ukaja, ukampulizia Fisi harufu ya maji puani.

Akili ikamtoka. Aliruka kama jiwe la kombeo, akatumbukia kichwa na kifua, miguu ya mbele ndani, miguu ya nyuma ikikwangua kingo. Alikunywa kwa mshindo, *glu, glu, glu*, mchanga ukimiminika kushoto na kulia, na kadiri ulivyomiminika ndivyo alivyozidi kuchimba kwa pua na kunywa. Alipoinua kichwa, tumbo limekuwa kama mtungi, mbele yake hapakuwa na kisima tena. Palikuwa na bonde la mchanga uliolowa.

Mama Swala akateremka, akagusa ule mchanga kwa pua, akarudi akasimama juu ya mtoto wake.

"Mwalimu," akasema Simba, kwa kweli akitaka kujua, "hiyo ndiyo jinjali?"

Hapo Fisi alikuwa na njia mbili. Akisema siyo, amevunja sheria mbele ya Mfalme. Akaona afadhali aivunje maana kuliko kuvunjwa yeye.

"Ndiyo yenyewe, Mfalme! Jinjali kamili. Maana yake ni kufanya jambo kwa nguvu zako zote, bila kusita, bila huruma, mpaka mwisho. Wengi hawaiwezi."

"Hata mimi nilijua ni hivyo," akasema Simba upesi.

Sungura akasogea mbele, akainama.

"Mfalme, mwalimu wetu hakuvunja sheria ya kunywa. Lakini kisima kimefukiwa, na kisima ni cha wote. Lazima achapwe kidogo. Nakuomba, kwa heshima ya elimu yake, umchape kwa jinjali."

Macho ya Fisi yakatoka kama ya panzi.

"Sawa," akasema Simba, akinyanyuka na kunyoosha mkono. "Kwa nguvu zote, bila kusita, bila huruma, mpaka mwisho."

"Ngoja, Mfalme, ngoja kwanza!" Fisi akalia. "Kuna... kuna matumizi mengine! Nimesahau kuyafundisha!"

"Matumizi gani?"

"Jinjali ni taratibu! Si taratibu tupu, maana konokono naye ni taratibu na hana habari. Wala si woga mtupu, maana mwoga hukimbia. Ni vyote viwili pamoja, Mfalme wangu! Ni namna ya kugusa kitu kinachoweza kuvunjika, au kinachoweza kukuumiza. Kama mtu anayetoa yai chini ya kuku aliyeatamia. Kama mwenye jipu anayetafuta pa kukaa. Mtu hukanyaga kwa jinjali, hushika kwa jinjali, hufungua mlango kwa jinjali. Hapigi! Nakuapia, Mfalme, kwa neno hili hakuna kupiga! Yule mzungu alikuwa akiwaonya tu, wasikanyage kingo kwa nguvu, mchanga usije ukaporomoka!"

Twiga akatazama shingo yake. Ngiri akatazama mkia wake.

"Kumbe uliijua," akasema Mama Swala polepole. "Siku zote hizi mwanangu anakauka, baba, na wewe uliijua."

Simba alikuwa amepata maana mbili asubuhi moja, na zote mbili alikuwa hazijui. Lakini ya kwanza alikwisha kusema mbele ya watu kuwa anaijua, na Simba harudi nyuma katika neno lake.

"Mimi nafuata ile uliyotuonyesha kwa vitendo," akasema.

Akamchapa Fisi jinjali ya Fisi. Makofi yalimshukia kiunoni na makalioni mpaka kiuno kikashuka, na ndiyo sababu mpaka leo Fisi mabega yako juu na nyuma yake iko chini, kama nyumba iliyopungukiwa nguzo.

Sungura hakungoja kutazama. Aliteremka pale bondeni, akakanyaga kwa vidole tu. Akawa anaondoa mchanga konzi kwa konzi, akiuweka mbali, akitulia kila kingo zilipotaka kulegea. Ngiri akataka kusaidia kwa pua yake. Twiga akamzuia, kisha wakaja wote wawili, taratibu, hawajui nani wa jinjali ya juu na nani wa jinjali ya nyuma. Maji yakachungulia, machache, mekundu, kisha meupe. Mama Swala akamsukuma mwanawe kwa paji la uso. Mtoto akalamba. Akalamba tena. Akasimama bila kuegemea.

Simba akamvuta Sungura kando, akamnong'oneza: "Bwana mdogo, ile maana ya pili... mimi naijua, lakini hebu niambie unavyoielewa wewe, nione kama hujakosea."

Sungura akanyoosha kidole kule kichakani. Fisi alikuwa anatafuta pa kukaa. Akashusha kiuno kidogo, akanyanyuka. Akazunguka, akachagua mahali penye majani laini. Akashusha tena, nusu, macho ameyafumba, meno ameyauma, akagusa ardhi kama anayegusa kaa la moto, akanyanyuka tena.

"Ndiyo hiyo, Mfalme," akasema Sungura. "Hakuna anayeijua kumpita yeye."

Toka siku ile, mnyama akiletewa neno asilolijua kisimani, huuliza kwa sauti linamaanisha nini, kisha ndipo anywe. Nami ndipo ninapoitua hadithi yangu. Atakayeichukua aibebe kwa jinjali, ile ya yai.