Nusu Siku ya Mzee Kasonso

Aongozwaye kwao keshapotea. Asubuhi mmemtupia mwenzenu Gervas maneno hayo alipoonyeshwa njia ya kwenda kisimani, ilhali amezaliwa hapo kijijini, mkacheka mpaka chai ikawapalia. Kisha mmoja wenu akaniuliza msemo huo umetoka wapi. Wako watakaowaambia ni wa wahenga. Si wa wahenga. Mtu aliyeyasema maneno hayo mara ya kwanza nilimshika mkono mimi mwenyewe, na mambo yalianza hivi.

Nilikuwa na miaka ishirini na sita, na nilikuwa nimemaliza mwaka mmoja tu wa kuongoza wageni katika hifadhi hii. Wageni walikuwa haba. Barabara ya kutoka Sumbawanga ilikuwa mbaya kuliko mnavyoijua, na masika ilikatika kabisa, hata wiki nzima ikapita bila gari kusimama langoni. Wengi waliofika walichukua safari ya nusu siku: tunaondoka saa kumi na mbili na nusu asubuhi, tunapita bwawa la viboko, mbuga ya nyati, kisha msitu wa miombo, na saa sita kamili tuwe tumerudi. Kibali cha nusu siku kilikoma saa sita. Gari likichelewa, barua ya onyo aliandikiwa mwongozaji. Mimi nilikuwa nayo moja tayari.

Mafunzoni nilipewa karatasi ya mambo ya kuwaeleza wageni, nikaikariri kama sala. Ndani yake kulikuwa na maneno haya: "Msitu huu haujapata kukaliwa na binadamu tangu dunia kuumbwa." Wageni waliyapenda sana. Nikifika hapo nilikuwa naituliza sauti, na wao wananyamaza.

Siku moja ya mwezi wa nane wakaja wageni wawili. Mmoja alikuwa Mzee Anselmo Kasonso, mtu wa miaka kama sabini, mrefu, mkavu, anayetembea bila fimbo. Wa pili alikuwa binti yake Editruda, mwalimu wa shule ya msingi, ndiye aliyeomba safari ile kwa barua. Mzee alikuwa amevaa koti jeusi la suti lililopigwa pasi, na viatu vya ngozi. Nilimpa shikamoo, akaipokea. Kisha nikamwambia:

"Mzee, koti hilo tuliache langoni. Mbung'o wanapenda rangi nyeusi, watakusumbua."

"Waache," akasema. "Tunafahamiana."

Nilidhani ni mzaha, nikacheka. Binti yake hakucheka.

Tukaondoka, mimi kwenye usukani, na askari wa wanyamapori, jina lake Lusambo, kando yangu na bunduki yake. Bwawani viboko walikuwa wengi siku ile, wamelaliana kama magunia. Nikaeleza uzito wao na chakula chao. Mzee alikuwa anatazama ng'ambo ya bwawa, juu, kwenye mstari wa vilima. Nyati hakuwatazama kabisa. Nikaona nimepata mgeni mgumu. Nikasema moyoni, huyu kaletwa na binti yake kwa nguvu, bora nimalize mapema.

Tulipoingia msituni mbung'o wakatuvamia. Walimwuma Mzee shingoni na mikononi, naye hakuinua hata kidole kuwafukuza. Nikapunguza mwendo, nikaituliza sauti yangu kama kawaida, nikasema msitu huu haujapata kukaliwa na binadamu tangu dunia kuumbwa. Kwenye kioo nikamwona Editruda ameinamisha kichwa.

Mbele kidogo, kushoto mwa njia, palikuwa na kitu ambacho kila siku nilikuwa nawaonyesha wageni. Kilikuwa cha udongo mwekundu, kimo cha watu wawili, juu kimepasuka, na mti umeota ubavuni mwake.

"Kile ni kichuguu cha kale," nikasema. "Mchwa wamekijenga kwa miaka mingi sana."

"Simamisha gari," Mzee akasema.

"Mzee, sehemu hii hatushuki."

"Simamisha gari, mwanangu."

Hakupaza sauti. Nikasimama.

"Umewahi kuona kichuguu chenye mlango?" akaniuliza.

Nikatazama. Siku zote nilikuwa nautazama ule uwazi wa chini, na siku zote nilikuwa nasema ni tundu la mhanga, yule mnyama anayechimba na kula mchwa.

"Hilo ni tanuri la kuyeyushia chuma," akasema. "Alilijenga baba yangu na ndugu zake. Udongo wake niliukanyaga mimi kwa miguu hii, nikiwa mtoto. Majembe yaliyotoka hapo yalilima mpaka ukingo wa ziwa. Na kijiji chetu kiliitwa Mwalesi. Kilikuwa na nyumba sitini."

Kwenye karatasi yangu jina Mwalesi halikuwepo. Editruda ndiye aliyenieleza yaliyobaki, polepole, kama mtu anayeomba radhi kwa kosa la mwingine.

Enzi za mkoloni uliingia ugonjwa wa malale, unaoletwa na hao hao mbung'o. Serikali ikaamuru vijiji vyote vya msituni vihame. Watu waliambiwa ni kwa muda tu. Mbung'o wakiisha, kila mtu atarudi kwake. Mama yake Mzee alikuwa mgonjwa siku hizo. Alikufa siku moja kabla ya malori kufika. Wakamzika alfajiri, haraka haraka, malori yakiwa tayari yananguruma. Mzee, wakati huo kijana wa miaka thelathini na mbili, akamwahidi mama yake pale kaburini kwamba akirudi atamfanyia yote yanayostahili, na unga wa ulezi utamwagwa kama desturi yao inavyotaka.

Mbung'o hawakuisha. Mwishowe msitu ukawekewa mipaka, ukaitwa hifadhi, na wa kuingia akawa anaingia kwa kibali.

"Mdogo wangu alikuja," Mzee akadakia, macho yake bado kwenye tanuri. "Zamani, vichaka vikiwa bado havijaziba njia. Akamwaga unga. Akaniambia, kaka, omba kibali, nikupeleke kabla sijasahau. Nikamjibu, mimi siombi ruhusa kwenda kwa mama yangu, wala sipelekwi na mtu. Kwetu nakujua hata nikifumba macho. Nikasema hivyo mwaka hadi mwaka. Sasa mdogo wangu amekufa, na mimi moyo wangu daktari anasema umechoka. Miaka thelathini na minane, mwanangu."

Kushuka pale kulikuwa kosa. Nikatazama saa: saa nne na nusu. Lusambo akaniangalia, akasema, "Mpeleke. Bunduki ninayo."

"Ni mbali?" nikauliza.

"Ni mwendo wa kumaliza kiko kimoja," akasema Mzee. "Tanuri, kisha kijiji, kisha chemchemi. Kaburi liko juu ya chemchemi, mahali penye mninga mkubwa."

Nikataka kutangulia, kama tulivyofundishwa. Akaniwekea mkono kifuani, akapita. "Hapa mgeni ni wewe," akasema.

Alitembea kwa kasi ya kijana. Alikuwa anazungumza njia nzima, anaonyesha kwa mkono: hapa ni kwa Mzee Chomba aliyekuwa na mbwa wakali, hapa ni kwa shangazi yangu Pulkeria, hapa tulikuwa tunacheza ngoma ya mavuno. Mimi niliona miti na nyasi zilizonipita kiuno. Lakini alisema kwa uhakika kiasi kwamba nilianza kukanyaga kwa adabu, kama mtu anayepita katikati ya nyua za watu.

Baada ya muda majina yakaanza kupungua. Alitaja moja, akasimama, akalirudisha. "Hapana. Hapo ni mbele." Tukaenda mbele. Tukashuka bonde dogo, na chini yake hapakuwa na maji wala dalili ya maji. Mchanga mtupu na majani makavu. Akakata kushoto. Akarudi. Akakata kulia. Mininga ilikuwepo, mingi, yote mikubwa. Alikuwa anaufikia mmoja, anauzunguka akitazama chini, anauacha anaenda mwingine. Koti lake lilishika miiba, likachanika mkononi. Editruda akamfuata nyuma akisema, "Baba, pumzika kidogo," naye hasikii.

Redio ya Lusambo ikakoroma. Langoni walitaka kujua tuko wapi. Ilikuwa saa tano na robo.

Hapa ndipo nafika kwenye jambo ambalo sijawasimulia wengi. Niliona chini ya mninga mmoja rundo dogo la mawe. Nilijua kabisa kwamba huenda ni mawe ya kawaida, yaliyofunuliwa na mvua. Lakini nilifikiria barua yangu ya pili ya onyo. Nikaita, kwa sauti ya furaha:

"Mzee! Si ni hapa? Tazama, mawe yamepangwa!"

Alikuja mbio. Akapiga magoti, akaanza kuyapapasa mawe yale moja moja. Akatoa mfukoni kifuko cha unga. Akaanza kukifungua fundo. Kisha akasita, akayaangalia tena mawe, na baada ya hapo akaniangalia mimi. Sijui aliona nini usoni mwangu, lakini alikiona.

"Mwanangu," akasema, "usinipe mama asiye wangu."

Akalifunga fundo, akakirudisha kifuko mfukoni. Hakunikaripia. Angenikaripia ningeshukuru.

Aliinuka kwa shida. Editruda alikuwa analia kimya kimya. Mzee akageuka upande huu, akageuka ule, macho yake yakitafuta kitu kati ya miti. Miti yote ilifanana. Kisha akauliza swali ambalo nilijua lilimgharimu kuliko yote:

"Tanuri liko upande gani?"

Mimi nililijua. Tangu tunashuka nilikuwa natazama jua na kuvunja vijiti, kama nilivyofundishwa. Nikaonyesha nyuma yetu, karibu upande ulio kinyume na alikokuwa anaelekea. Akatikisa kichwa kama mtu aliyesomewa hukumu. Akajaribu kupiga hatua, mguu ukapinda, nikamdaka mkono. Hakuutoa. Mkono wake ulikuwa umevimba kwa mbung'o, na baridi, ingawa jua lilikuwa kali.

Nilimwongoza hivyo mpaka njiani. Katikati ya safari ile, nadhani pale alipokuwa amesema ni kwa shangazi yake Pulkeria, akasema taratibu, si kwangu wala kwa binti yake:

"Aongozwaye kwao keshapotea."

Nikamwambia, "Mzee, njoo tena. Chukueni kibali cha siku nzima, tuanze mapema, tutatafuta vizuri."

"Siku zilikuwepo," akajibu. "Nilikuwa nazo. Nilikuwa nangoja nirudishwe kwa heshima, na heshima yenyewe ndiyo hii uliyoishika mkononi."

Tulifika langoni saa sita na dakika ishirini. Barua yangu niliandikiwa kesho yake, na haikuniuma kama nilivyoogopa. Lusambo alikuwa mtu wa maneno mengi. Jioni ile ile kantini nzima ilikuwa imesikia. Madereva wakaudaka msemo kama mzaha. Dereva akikosea njia panda, mwenzake anamwambia, aongozwaye kwao keshapotea, na watu wanacheka. Hivyo ndivyo ulivyotembea mpaka ukawafikia ninyi, ukiwa umempoteza mwenyewe njiani.

Ile karatasi sikuisoma tena. Kila mwaka moto ukishapita msituni na nyasi zikiwa zimelala, nilikuwa nakwenda siku yangu ya mapumziko, na Lusambo, kutafuta kaburi lile. Tulipata mafiga, tena mengi. Tulipata jiwe la kusagia. Kaburi hatukulipata. Lusambo alistaafu, nikaendelea peke yangu, na hata mwaka huu nilikwenda.

Mzee Kasonso alifariki masika yaliyofuata. Barabara ilikuwa imekatika, habari zikanifikia baada ya miezi miwili. Nilipopata likizo nikaenda kuhani. Editruda alinipokea vizuri, akanipa kiti, kisha akanichukua kunionyesha alikozikwa baba yake.

Hatukwenda mbali. Makaburi ya ukoo wao wa huko walikohamia yako nyuma ya nyumba, kwenye kilima, penye kivuli na utulivu. Mzee hakuzikwa huko. Alikuwa ameagiza azikwe mbele ya nyumba, kando ya barabara kuu, hatua chache tu kutoka mahali malori yanapopita. Juu yake walimwaga saruji nene, jina limeandikwa kwa herufi kubwa ambazo hata aliye ndani ya basi angeweza kuzisoma. Vumbi lilikuwa linalitimkia mchana kutwa.

"Wazee wa ukoo walikataa," Editruda akaniambia. "Walisema ni aibu kumlaza mtu penye kelele. Lakini Baba alitushikilia mpaka dakika ya mwisho. Alisema wajukuu zake wakija wasihitaji kumwuliza mtu yeyote."

Lori likapita, tukafunga macho kwa ajili ya vumbi. Lilipotulia akainama, akalifuta jina la baba yake kwa ncha ya khanga, herufi moja baada ya nyingine, nami nikasimama pembeni nikimngoja amalize.

Kwa hiyo msiniambie ni maneno ya kumchekea mwenzenu. Aongozwaye kwao keshapotea.