Nani Atampigia Magoti Semboja?

Hapo zamani, zamani ambayo bado haijapoa, kulikuwa na mwanamke wa milima ya Upare aliyeitwa Nakijwa. Yeye na mumewe walilima tangawizi kwa maji ya mfereji. Jirani wa juu, Semboja, akauziba. "Mfereji ni wangu," akasema. Tangawizi ikanyauka.

Nakijwa akafungua kesi pamoja na shemeji yake, Mchome. Wakili akawa Kiondo, kijana wa ukoo. Kisha mume akaugua, akalala, akafa.

Msiba ulipokwisha, Nakijwa akashuka mahakamani kuuliza.

"Mama, shauri lenu lilifutwa," karani akamwambia. "Liliitwa, kimya. Likaitwa tena, kimya. Hakimu hawezi kusikiliza viti vitupu. Na muda wa kuomba lirudishwe umepita."

Nakijwa akapanda mlima, akawaita Mchome na Kiondo. "Nani ameiua kesi yangu?"

Kiondo akasema, "Mama mdogo, nilihamia Singida. Nilimwambia Mchome atafute wakili mwingine. Sikuiarifu mahakama, nilidhani amempata."

Mchome akasema, "Aliniambia, kweli. Lakini shemeji, ulikuwa ukimgeuza kaka yangu kitandani, ukimlisha kwa kijiko. Nikaona nisikuongezee mzigo. Nilinyamaza kwa kukuhurumia."

"Ukanihurumia mpaka nikakosa maji!"

Halafu Nakijwa mwenyewe akainama, akakumbuka. Mjumbe wa mahakama alikuja mlangoni na wito, siku mumewe alipokuwa akitafuta pumzi. "Si leo, baba," alimwambia, akafunga mlango. Na baadaye hakumtafuta mjumbe yule.

"Na mimi nimo," akasema.

Semboja akaleta neno: maji atayafungua, ila Jumapili, ibada ikitoka, mmoja wao ampigie magoti mbele ya watu na kutamka kwamba mfereji ni wa Semboja.

"Mimi wakili, nitakanaje madai niliyoyaandika mwenyewe?" akasema Kiondo.

"Mimi ndiye mkubwa wa ukoo," akasema Mchome. "Nikitamka hivyo, hata wajukuu wameupoteza."

"Na mume wangu aliyeuchimba na baba yake?" akasema Nakijwa. "Nimkane na udongo wa kaburi haujakauka?"

Jumapili ikafika. Ibada ikatoka. Semboja akakaa kwenye kiti, mikono kifuani, watu wamemzunguka. Wale watatu wakasimama mbele yake, wakitazamana, hakuna anayesogea.

Haya, ninyi mnaonisikiliza: kati yao, ni nani aliyestahili kupiga magoti?