Kinyonga na Ukili wa Siku

Paukwa.

Pakawa.

Pakawa nini?

Pakawa jana. Itupe, tuidake.

Basi hapo jana palikuwa na Kinyonga, mwanachuoni wa wakati. Jicho lake moja lilitazama siku zilizopita, jingine lilitazama siku zijazo, na ya leo aliipapasa kwa mikono. Kila jua lilipozama alichukua miyaa, majani ya kusukia mikeka, akaisuka siku ile, kipande kirefu kama kidole, akakiunga kwenye ukili wake. Ukili ukawa mrefu, ukazunguka nguzo za nyumba, ukapanda darini, ukashuka. Ukifumua kipande, siku yake inarudi, nawe uliyeshika unakuwa kama ulivyokuwa siku hiyo. Lakini inarudi mara moja tu. Miyaa ikishafumuliwa haisukiki tena.

Kipande cha kwanza kabisa hakukisuka yeye. Kilisukwa na mama yake, siku aliyomshika mikono na kumfundisha. Mama alikuwa amekwisha kufa. Kinyonga alikitunza sana kipande kile, akisema, "Iko siku nitarudi nikae miguuni pake." Na msukaji mwangalifu hufunga uzi mahali asipotaka pafumuke. Kinyonga alilijua hilo kuliko wote.

"Nitafunga," akasema. "Kesho."

Wanyama wadogo walikuja kwake kusoma. Digidigi alikuwa wa kwanza kufika na wa mwisho kuondoka.

"Bibi, leo utatufundisha kusuka?"

"Leo fagieni ua, mjukuu wangu. Kesho."

Kesho yake akauliza tena.

"Bibi, leo?"

"Leo choteni maji. Kesho. Mimi siku ninazo, huoni zilivyojaa nyumba?"

Digidigi akafagia, akachota maji, akangoja.

Siku moja, kwatu, kwatu, kwatu, akaja Fisi. Alikuwa amekula kwenye harusi ya Tembo mpaka tumbo likaburuta chini, na tangu hapo chakula kingine hakikumkolea. Akasimama mlangoni, watoto wote wako ndani.

"Hodi, bibi Mwendo-pole."

"Karibu, bwana Fisi. Umekonda."

"Nimekondeshwa na kumbukumbu. Nirudishie harusi ya Tembo. Usiponirudishia, naanza na huyu mwenye miguu ya vijiti."

Digidigi akajibanza nyuma ya mtungi.

Kinyonga akageuza jicho la nyuma, akatazama mbali. Akamwona Fisi akizaliwa bondeni, siku ileile mama alipokuwa akisuka kipande cha kwanza. Akauchukua uzi wake.

"Harusi imo humu," akasema. "Shika ncha, uvute. Ila kwanza nifunge uzi, ukomee kwenye harusi."

"Uzi wa nini?"

"Ili karamu zilizo nyuma ya harusi wabakiziwe wenzako."

Fisi akacheka mpaka mate yakamdondoka. "Kumbe nyuma kuna nyingine? Weka kando uzi wako, bibi. Mimi sina wenzangu."

Akashika ncha, akavuta. Fyu, fyu, fyu.

Harusi ikarudi. Akala nyama, akavunja mifupa, akalamba masufuria.

"Uache sasa?" akauliza Kinyonga.

"Bado."

Fyu, fyu. Yakarudi matanga ya Kiboko. Akala.

"Uache sasa?"

"Bado," akasema kwa sauti ya kijana.

Fyu, fyu, fyu.

"Uache sasa?"

"Bado," akasema kwa sauti ya mtoto.

Kinyonga alikuwa ameushika uzi. Kilibaki kipande kimoja, cha mama. Akapeleka mkono akifunge. Akawaza, pengine huyu bado ana meno, atawauma watoto. Akaurudisha. Akaupeleka tena. Akaurudisha. Fyu.

Nguzo zikabaki tupu. Sakafuni palikuwa na lundo la miyaa iliyojikunja, na kitoto cha Fisi, macho hayajafunguka, kinanyonya ncha ya mwaa wa mwisho.

Watoto wakaruka kwa furaha. Digidigi hakuruka. Aliokota miyaa mibichi iliyokuwa mlangoni, akamletea.

"Bibi, sasa utatufundisha?"

Kinyonga akaishika. Akaigeuza hivi, akaigeuza vile. Miaka yote yeye alikuwa akiunga tu. Kuanza hakuwahi kuanza, kuanza kulikuwa kwenye kipande cha mama.

"Kesho, bibi?" akauliza Digidigi taratibu.

Kinyonga akaiweka miyaa chini. Kitoto cha Fisi kilikuwa kinalia njaa, akaenda kukitafutia maziwa.

Hakuna aliyejua tena kusuka siku. Ndiyo maana zetu zinapita hivi hivi, hazina pa kuungwa. Na Kinyonga, mpaka leo, akitembea hupeleka mkono mbele, huurudisha, huupeleka tena. Watu husema anaikagua ardhi. Digidigi anajua kwamba bado ameushika ule uzi.

Na funzo lake ni hili: msiwe na haraka ya kusoma. Mkiambiwa fagieni, fagieni. Mkiambiwa kesho, itikieni vizuri, mrudi nyumbani. Siku zipo tele, zimejaa nyumba.

Hadithi yangu imefika ncha. Mwenye uzi?

Afunge.

Kesho?

Leo.