Kwa Nini Lifti ya Kilimia Hufunguka Pasipo Mtu

Nyinyi mnaobonyeza kitufe cha kufunga mlango kabla lifti haijapumua, sikilizeni kwanza. Subira yavuta heri, na bustani mnayoikimbilia haitahama.

Zamani, chombo chetu Kilimia kilipokuwa kipya kati ya nyota, lifti haikuwa na vitufe. Ilikuwa na masikio. Uliingia, ukasema unakokwenda, nayo ikakuchukua juu, chini, hata kwa upande. Ukisema, "Nipeleke kwa dada," ilimtafuta dada yako hata kama amejificha asioshe vyombo. Haikuwahi kushindwa, na watu waliipenda.

Kila alasiri Bi Shemsa, mpishi wa ghorofa ya nne, aliingia na chai ya tangawizi, akasema, "Nipeleke alipo Baba Saumu." Huyo alikuwa mumewe, fundi wa kuziba nyufa za nje ya chombo. Siku moja alitoka kuziba ufa, kamba yake ikakatika. Giza likamchukua, asionekane tena.

Bi Shemsa akakaa eda. Ilipokwisha, alipika chai, akaingia kwenye lifti na kusema maneno yale yale.

Lifti ikaondoka. Ikafungua ghorofa ya kwanza, hapana mtu. Ya pili, hapana mtu. Ilizunguka chombo kizima polepole, taa zikimpita mama wa watu usoni, hata chai ikapoa. Alilia humo humo, wala hakujificha. Kisha akaupapasa ukuta wa lifti kama anayembembeleza mtoto.

"Basi, mwanangu," akasema. "Umetafuta vya kutosha. Nirudishe nyumbani."

Ikamrudisha. Lakini haikujua kuacha kazi iliyotumwa. Usiku na mchana iliendelea kufungua milango, watu wakachelewa kazini, mpaka wakuu wakaiziba masikio na kuiwekea vitufe.

Na tangu siku hiyo lifti huenda inakobonyezwa. Ila mara moja moja husimama pasipo na aliyeiita, ikafungua mlango, ikangoja kidogo, ikafunga. Mafundi wenzangu husema ni hitilafu. Nimeitunza lifti hii miaka thelathini, na hitilafu hiyo sijaigusa.

Saumu ni mama yangu. Kwa hiyo ondoeni vidole hapo. Anayetafutwa ni babu yangu.