Tanuri Lililosubiri Jibu

Leo, wapendwa, nawaletea mwoka mikate. Msimtafute mtaani kwenu, ni wa mfano tu.

Mama huyu alikuwa na tanuri la udongo lililoshikana na ukuta wa nyumba yake. Wakaja watu wa barabara, wakachora X nyekundu ukutani, wakamwambia asijenge wala asikarabati chochote, maana eneo linachukuliwa. Mama akaandika pingamizi: ng'ambo ya pili pako wazi, kwa nini barabara isipite huko? Akalipeleka kwa ofisa wa ardhi. Halafu tanuri likapata ufa.

Mnaujua mkate wa tanuri lenye ufa? Upande mmoja umeungua, upande wa pili mbichi. Wateja wakapungua. Kuziba haruhusiwi, na kuhama hajui kama atahama. Akawa anakwenda ofisini, anapewa kiti, anaulizwa habari za watoto, anaambiwa arudi wiki ijayo. Ofisa yule hakuwa mtu mbaya. Alijisifu kwamba tangu aanze kazi hajawahi kumkatalia mwananchi. Ni kweli. Wala hakuwahi kumkubalia.

"Suala lako liko mezani, mama."

"Meza naiona, bwana ofisa. Juu yake kuna chupa ya chai na simu yako."

Akaenda mahakamani. Majirani wakatarajia jaji ataiokoa nyumba. Hakuiokoa. Alisema kuamua hilo ni kazi ya ofisa, basi ofisa aifanye: kabla mwezi haujaisha atoe uamuzi kwa maandishi, na sababu zake. Mwezi haukuisha. Ofisa akaandika kwamba pingamizi limekataliwa, kwa kuwa ng'ambo ya pili, chini ya ardhi, limepita bomba kuu la maji ya mji mzima.

Mtaani walicheka sana. Jirani mmoja akamsubiri mlangoni kabisa.

"Mama Mikate, yaani umeipeleka serikali mahakamani ukarudi na hapana?"

Mama hakuinamisha kichwa. "Nimerudi na hapana yangu. Ina sababu, ina sahihi ya mtu. Ningetaka kuipinga, sasa najua pa kuipeleka. Lakini bomba la maji nalielewa. Ningelielewa hata siku ile ya kwanza, wala nisingewauzia mikate mibichi. Haya, nipishe, natafuta udongo wa tanuri jipya."

Akapita katikati yao kama bibi harusi. Na mikate ya tanuri jipya, huko alikohamia, ilitoka rangi moja pande zote.

Naona mnatabasamu, na kila mmoja wetu amekwisha kukaa kwenye kiti cha yule mama. Hebu tuinuke kidogo. Nyuma ya ile meza ameketi nani? Baba, kijana aliyekuja kuposa kwako kabla ya Kwaresima, umemjibu nini? Bado mnakaa kikao cha ukoo? Na sisi wa kanisa hili, akina mama walipoomba chumba cha watoto wachanga, tuliwaambia tunaliombea. Tunaliombea kweli, au tunaogopa kuonekana wabaya? Tunauita upole, huku mwenzetu anaoka kwenye ufa.

Tusidharauliane hivyo. Aliyetuumba hakutuumba dhaifu. Ametupa mgongo wa kubeba hapana, na miguu ya kuondoka nayo kwenda kuanza upya. Mwanadamu anaweza kukataliwa akabaki mzima, ilimradi amekataliwa na mtu anayemtazama usoni na kumweleza kwa nini. Anayemwacha kwenye kiti mwaka mzima hajamhurumia. Amemhesabu kuwa si mtu wa kuambiwa ukweli.

Wazee wa kanisa wanakutana baada ya ibada hii. Akina mama, msiende nyumbani. Kaeni pale mlangoni mkiwa mmenyoosha migongo, nami nitakaa pamoja nanyi, mpaka tujibiwe.